Stimu imekata, pombe haijakata: jinsi ubongo unavyoizoea pombe ndani ya usiku mmoja

TabibuWaZamu (mwanzisha uzi, Tabora Mjini)

Wakuu, habari za jioni. Malipo ya tumbaku yakianza kutoka, Urambo, Kaliua, Sikonge na hapa mjini kote kutakuwa na pesa mkononi na pikipiki nyingi barabarani usiku. Naomba tuliongee jambo hili mapema.

Mimi ni tabibu, nafanya zamu za usiku. Mtu anayetoka baa saa nne akiyumba huwa hanipi hofu kubwa, maana wenzake wanamwona, wanamnyang'anya funguo, wanamlaza kwenye benchi. Anayenipa hofu ni yule aliyelewa saa tatu, akakaa, akala mishkaki, akabishana mpira, halafu saa saba usiku anasimama mwenyewe bila kushika meza na kusema: "Niko fiti, stimu imeshakata." Hakuna anayemzuia, kwa sababu kweli anaonekana yuko fiti. Ukimsikiliza maneno yamenyooka. Anapanda pikipiki anaondoka.

Mmoja wa namna hiyo nilimshona goti na kiwiko. Wakati namsafisha kidonda alinisimulia ajali yake kwa mpangilio mzuri kabisa, sauti ya kawaida, heshima zote. Alikuwa ameondoka bila kupandisha stendi ya pembeni. Barabara ilivyonyooka hakuona tatizo. Kona ya kwanza ya kushoto, pikipiki ilipolala kidogo, chuma kikagota lami kikamrusha. Mtu anayejua kupanga maneno vile anasahauje stendi, kitu ambacho mguu wake umekifanya kila siku kwa miaka?

Jibu lake ndilo lililonileta hapa. Ubongo unaizoea pombe ndani ya kikao kimoja, saa chache tu. Lakini hauzoei vyote kwa pamoja. Sehemu inayokuambia "umelewa" huzoea mapema. Sehemu inayokukumbusha stendi, inayokuzuia kulipita lori kwenye kona, inayogundua kosa kabla halijatendeka, hiyo huchelewa, na mara nyingine haizoei kabisa hadi pombe itoke.

Jambo hili linajulikana kwa zaidi ya miaka 100. Mwaka 1919 daktari wa Uingereza, Edward Mellanby, alichapisha majaribio aliyofanya kwa mbwa. Aliwanywesha pombe, akawa anawapima damu na kuangalia wanavyotembea. Aliona kwamba kwa kiwango kilekile cha pombe kwenye damu, mbwa aliyumba zaidi wakati pombe inapanda kuliko wakati inashuka. Damu inasema kitu kimoja, miguu inasema kingine. Hadi leo wanasayansi wanaiita hali hiyo kwa jina lake.

Sasa ileteni kwenye meza yetu. Chupa ya bia ya mililita 500 yenye asilimia 5 ina takriban gramu 20 za alkoholi safi. Chukua mwanaume wa kilo 70, anywe chupa tano kuanzia saa moja jioni hadi saa nne usiku. Saa tatu hivi, akiwa bado anapanda, damu yake inakaribia miligramu 110 kwa kila mililita 100. Hapo anacheka kwa sauti, uso unamwaka, mwenyewe anakiri amelewa. Saa nne anafika kileleni, kama 160. Halafu anaanza kushuka kwa takriban miligramu 15 kwa saa. Saa saba usiku yuko kwenye 110 tena, palepale alipokuwa saa tatu alipokiri amelewa. Ila sasa anasema stimu imekata.

Sheria yetu ya usalama barabarani inataja miligramu 80 kuwa mpaka. Huyo "aliye fiti" atashuka chini ya 80 kuelekea saa kumi alfajiri, na damu yake itakuwa safi kabisa karibu saa tatu asubuhi, watu wakiwa kazini.

Karibuni tujadili. Maswali nitajibu nikitoka zamu.

---

BodaIpuli

Daktari, umenigusa. Sisi usiku tunawabeba hawa, na wengine ni wenzetu tunaokaa nao kijiweni. Ninachotaka kujua, ubongo unazoeaje haraka hivyo? Mimi nilidhani kuzoea pombe ni kazi ya miaka.

---

TabibuWaZamu

Mkuu, kuna kuzoea kwa miaka na kuna kuzoea kwa usiku mmoja. Kwa miaka, ini nalo linabadilika. Linatengeneza kwa wingi zaidi kimeng'enya kingine cha kuvunja pombe, ndiyo maana mnywaji wa kila siku huisafisha kwa kasi kidogo kuliko mgeni. Kwa usiku mmoja ini halina la kubadilisha, linafanya kazi kwa mwendo wake uleule. Kinachobadilika ni seli za neva zenyewe.

Seli za ubongo zinaongea kwa kemikali. Zipo za kutuliza, kubwa kati yake inaitwa gaba, na zipo za kuamsha, kubwa ikiwa glutameti. Pombe inaiongezea nguvu gaba na kuvizuia baadhi ya vipokezi vya glutameti, yaani sehemu za seli zinazoipokea. Breki zinakazwa na mafuta yanapunguzwa kwa wakati mmoja, hivyo unalegea, ulimi unakuwa mzito, woga unaondoka. Lakini seli hazikubali kukandamizwa zikakaa kimya. Ndani ya dakika na saa chache vipokezi na milango ya chumvi kwenye utando wa seli hujirekebisha ili mazungumzo yarudi karibu na kawaida, pombe ikiwa bado ipo.

Ukishaelewa hilo utaelewa na jambo jingine ambalo wanywaji wote wanalijua: unalala kama gogo saa tano, saa tisa usiku macho haya hapa, moyo unadunda, mawazo yanakimbia, usingizi hauji. Pombe inatoka, lakini yale marekebisho ya kuamsha bado yapo, hayana kitu cha kupambana nacho.

---

MkulimaUrambo

Mimi ni mtu wa tumbaku, naomba nichangie kwa ninachokijua. Ukiingia kwenye bani wakati tunakausha, ile harufu inakupiga mpaka machozi. Kaa humo nusu saa unachochea moto, husikii kitu tena. Akija mgeni mlangoni anaziba pua, wewe unamshangaa. Je, harufu imeisha? Haijaisha, pua ndiyo imeacha kutoa taarifa. Nadhani ndicho anachokisema daktari.

---

TabibuWaZamu

Ndicho hasa, ndugu yangu. Ongeza tu kwamba huyo mgeni wa mlangoni anaweza kuwa mtu asiyekunywa. Msikilizeni anaposema umelewa.

---

MzeeWaGongoni

Mwangaluka. Mimi nimekunywa tangu enzi za vijana wa sasa hawajazaliwa. Wanzuki nimekunywa, kangara nimekunywa, bia nimekunywa. Kichwa changu ni kigumu na wote wa Gongoni wanajua. Nimeendesha baiskeli, pikipiki na hata trekta nikiwa nimekunywa na sijaanguka. Msiwatishe watu. Kuna watu pombe inawashinda na kuna watu wanaishinda pombe.

---

TabibuWaZamu

Shikamoo mzee wangu. Sina nia ya kumtisha mtu, na nakushukuru umeongea waziwazi, maana wengi wanafikiri hivyo na hawasemi.

Mzee, nakubali kabisa kwamba kichwa chako ni kigumu. Ila naomba nikuonyeshe kimekuwa kigumu kwa kitu gani. Watafiti wameketisha watu maabara, wakawapa pombe kwa kipimo, wakawapa kazi za kufanya wakati inapanda na tena wakati inashuka. Kasi ya mikono hurudi. Mtu anabonyeza vitufe haraka karibu kama mzima. Lakini makosa hayapungui sawasawa na kasi inavyorudi, na uwezo wa kujizuia, yaani kuusimamisha mkono uliokwisha kuanza kwenda, hubaki umeharibika hata pale mtu mwenyewe anaposema sijalewa tena. Maana yake saa saba usiku una kasi ya mtu mzima na makosa ya mlevi. Kwenye barabara ya Nzega hiyo ni hatari kuliko kuwa na vyote vya mlevi, kwa sababu mlevi wa saa tatu walau anajiogopa.

Na la pili mzee. Kichwa kigumu hakilindi pumzi. Ubongo unaozoea kutembea na kuongea hauizoei pombe kwa kiwango hichohicho kwenye ile sehemu ya chini inayoendesha kupumua. Mnywaji mzoefu anaweza kuhitaji chupa nyingi zaidi ili asikie kitu, lakini kiwango kinachoweza kumuua hakisogei mbali na cha mtu mwingine. Nafasi kati ya kulewa na kufa inakuwa nyembamba kwake. Nimewaona hao.

---

MzeeWaGongoni

Marahaba. Hilo la pumzi sikuwa nimelisikia. Sasa nijibu hili. Nikinywa hapa kilabuni kwetu nafika mbali sana. Nikienda harusini Mwanza, pombe ileile, chupa chache, nalewa haraka hadi watoto wanashangaa. Kwa nini?

---

TabibuWaZamu

Mzee umeuliza swali ambalo watu wamelifanyia kazi maisha yao yote. Mwanasaikolojia Shepard Siegel wa Chuo Kikuu cha McMaster, Kanada, alionyesha kwamba kuzoea dawa na vilevi kunafungamana na mahali. Mwili ukiona benchi lilelile, harufu ileile, sauti ya mama yuleyule anayemimina, unaanza kujiandaa kabla hata kikombe hakijagusa mdomo. Unatanguliza marekebisho. Ukienda ukumbi mgeni wenye taa na muziki mwingine, mwili haukupata ile ishara, pombe inakukuta hujajiandaa. Kipimo kilekile kinapiga zaidi.

Nawaomba mlichukue hili kwa uzito, hasa wanaosafiri na treni kwenda Kigoma au Mwanza kwenye sherehe na kudhani "kipimo changu nakijua". Kipimo unachokijua ni cha kilabuni kwako.

---

MwalimuCheyo

Tabibu, nafundisha baiolojia, na nina hoja ya kitaalamu. Je, Mellanby hakudanganywa na mahali alipotoa damu? Pombe inapopanda, damu inayokwenda kwenye ubongo kupitia ateri, mshipa unaotoka moyoni, ina pombe nyingi kuliko ile ya vena ya mkononi, mshipa unaorudi moyoni, kwa sababu misuli inaendelea kuinyonya njiani. Kwa hiyo ukipima vena wakati wa kupanda unapata namba ndogo kuliko ile ambayo ubongo unaionja. Huenda mbwa aliyumba zaidi kwa sababu ubongo wake kweli ulikuwa na pombe zaidi, wala si kuzoea.

---

TabibuWaZamu

Mwalimu, hoja yako ni ya haki na ni kweli sehemu ya tofauti inatoka hapo. Damu ya vena hukaa nyuma ya ubongo wakati wa kupanda. Lakini haielezi yote. Kuna majaribio ambapo pombe hupitishwa kwenye mshipa kwa dripu na kushikiliwa kiwango kimoja bila kupanda wala kushuka kwa saa kadhaa. Hapo ubongo na damu vimeshalingana. Na bado watu husema ulevi unapungua kadiri muda unavyokwenda, namba ikiwa palepale. Hicho ni kuzoea, hakina jina jingine. Na nyongeza yake ni hiyo niliyomwambia mzee: kama ingekuwa ni ateri na vena peke yake, basi kasi, makosa na hisia vingerudi pamoja. Havirudi pamoja.

Hata hivyo nashukuru umeleta hoja hii, maana inatukumbusha jambo la kikaoni: mwendo wa kupanda. Aliyekunywa harakaharaka tumbo likiwa tupu anapata mlima mkali, ubongo haupati nafasi ya kujirekebisha. Aliyekula ugali na nyama kwanza anapanda taratibu, kilele chake kinakuwa cha chini, na atahisi amelewa kidogo. Chakula kinapunguza kilele kwa kweli, tena hilo ni jema. Ila bado atahitaji saa nyingi kusafisha alichokunywa.

---

MamaWanzuki

Jamani na mimi niseme, ndiyo kazi inayonisomeshea watoto. Napika wanzuki hapa karibu na Isevya. Asali naipata kwa watu wa Sikonge, natia maji, natia chachu, nafunika, naweka pahali pa joto. Ya siku moja ni tamu, hata bibi anakunywa. Ukiiacha ikae, utamu unaondoka kila siku na ukali unaingia, kwa sababu ile chachu inakula sukari ya asali. Mteja akija Jumamosi anakuta ya siku tatu nne, anakunywa vikombe vilevile alivyozoea kunywa vya Jumatano, halafu anasema nimemwekea kitu.

Kwa hiyo hiyo hesabu ya daktari ya chupa, kwetu haipo. Hakuna anayejua kikombe changu kina gramu ngapi, hata mimi sijui. Ninachokijua ni uso wa mteja. Kuna kipindi wanapiga kelele wote, halafu kuna kipindi kelele zinashuka, wanaanza kuongea taratibu kama wazee wa baraza. Hapo ndipo wanaagiza tena. Nimekuwa nikidhani wanaagiza kwa sababu wamepoa. Daktari, hicho kipindi ndicho unachosema?

---

TabibuWaZamu

Mama, hongera kwa kazi, na umelieleza kuliko nilivyolieleza mimi. Ndicho hasa. Kelele zikishuka, ubongo umezoea, stimu imepungua, na mtu anataka kuirudisha. Anaagiza. Lakini anaagiza juu ya mzigo ambao bado umo mwilini. Ile raha ya kupanda haiji tena kama ya kwanza kwa sababu ubongo umeshajipanga dhidi yake, hivyo anaongeza kingine. Watu wengi waliovuka mpaka wao hawakuuvuka kwa kelele, waliuvukia hapo kwenye utulivu. Mama ukiweza kufanya jambo moja tu, basi hapo kelele zinaposhuka chelewesha kumimina. Leta karanga, leta maji ya kunywa.

Na kuhusu nguvu ya kikombe umesema kweli kabisa. Kwenye gongo ni hatari zaidi, mbali na kwamba imekatazwa kisheria, maana haina kipimo na inaweza kuwa na sumu ya methanoli, ambayo dalili zake mbaya huja baada ya saa nyingi, mtu akidhani ni uchovu wa kawaida wa pombe ya jana. Macho yakianza kuona ukungu baada ya kunywa pombe ya kupikwa, usingoje asubuhi, nenda hospitali.

---

Binti_Kanyenye

Samahani daktari. Kazini kwetu tukitoka mwisho wa mwezi tunanunuliana mzunguko, kila mtu chupa moja, wanaume na wanawake sawa. Mimi ni mwembamba. Na kuna kitu kinanitia hofu: mara nyingine naambiwa kesho yake niliongea na nani, nilicheza, nililipa hadi bili, na sikumbuki. Wenzangu wanaapa sikuonekana nimelewa.

---

TabibuWaZamu

Dada, naomba usome jibu hili vizuri.

Mwanamke na mwanaume wa uzito mmoja wakinywa sawa, kwa kawaida damu ya mwanamke inakuwa na kiwango kikubwa zaidi, kwa sababu mwili wake una sehemu ndogo ya maji, na pombe inakaa kwenye maji ya mwili. Ukiongeza na wembamba wako, mzunguko "sawa" si sawa hata kidogo. Una haki ya kuruka mizunguko na asiulize mtu.

Hiyo hali ya kutokumbuka ndiyo watu wa mtaani wanaita kuzima, ingawa si kuzimia, maana uko macho. Sehemu ya ubongo inayoandika kumbukumbu mpya, hipokampasi, imeacha kuandika, huku sehemu za kuongea, kutembea na hata kuhesabu chenji zinaendelea kwa sababu zimezoea. Huja hasa pombe ikipanda kwa kasi, na mizunguko ya haraka ni njia rahisi ya kuifikia. Kwamba wenzako hawakuona kitu haina maana kuwa ulikuwa salama. Mtu katika hali hiyo anaweza kukubali jambo, kusaini, kupanda gari la mtu, na kesho asijue. Ikikutokea zaidi ya mara moja, tafadhali kaa na mhudumu wa afya uongee naye. Hakuna wa kukuhukumu.

---

Binti_Kanyenye

Asante sana. Mzunguko wa mwezi huu nitaagiza soda na nitasema wazi kwa nini.

---

FundiKiloleni

Supu je? Kila mtu hapa Tabora anajua supu ya kongoro asubuhi inakata pombe. Na maji baridi ya kuoga. Na kahawa. Na kuna wale wa kutoa loki, anapiga moja asubuhi anakaa sawa kabisa, mikono inaacha kutetemeka.

---

TabibuWaZamu

Supu inarudisha maji, chumvi na nguvu, kunywa kwa amani. Haiharakishi ini. Kuoga kunakuamsha, kahawa inakuamsha, na vyote viwili vinaongeza tatizo lilelile la uzi huu: unajisikia mzima zaidi ya ulivyo. Ini linavunja takriban gramu 7 hadi 10 kwa saa, na hakuna kinywaji cha asubuhi kinachobadilisha mwendo huo.

Kutoa loki ni jambo zito zaidi. Mikono inayotetemeka asubuhi kwa mnywaji wa kila siku maana yake ubongo umejirekebisha kwa pombe kiasi kwamba bila pombe unawaka kupita kiasi. Kikombe kinautuliza kwa muda, ndiyo maana "anakaa sawa". Mtu wa namna hiyo asiache ghafla peke yake nyumbani. Kuacha ghafla kunaweza kuleta degedege na kuchanganyikiwa, na watu hufa nako. Aje kituo cha afya, tutampunguzia kwa dawa chini ya uangalizi. Fundi, kama unamjua mtu huyo, mlete wewe.

---

FundiKiloleni

Namjua. Ni kaka yangu. Nitakutumia ujumbe wa pembeni.

---

TabibuWaZamu

Nitumie hata usiku huu.

---

BodaIpuli

Daktari, nirudi kwenye funguo. Mwenzetu saa saba anasimama, anaongea vizuri, anataka kuondoka. Nikimwambia umelewa anakasirika, na kweli haonekani amelewa. Nimpime vipi? Wengine wanasimamia mguu mmoja, wanatamka maneno magumu.

---

TabibuWaZamu

Mkuu usimpime kwa mguu wala kwa maneno, maana hivyo ndivyo vilivyokwisha kuzoea. Utampa ushahidi wa uongo na atautumia. Mpime kwa saa na idadi. Amekunywa ngapi, alianza saa ngapi. Ubishi wa namba ni mwepesi kuliko ubishi wa "umelewa", na haumvunjii mtu heshima. Tena mfanye makubaliano ya funguo saa moja jioni kabla ya chupa ya kwanza, kwa sababu saa moja anayeamua ni yeye, na saa saba anayeamua ni sehemu ya ubongo ambayo bado haijarudi.

Akilala palepale akiwa amelewa sana, mlaze ubavu, goti la juu limekunjwa, mdomo ukiangalia chini ili matapishi yatoke nje. Asiachwe peke yake. Akikoroma kwa shida, midomo ikibadilika rangi, akipumua mara chache, au ukimwita na kumfinya haamki, mleteni.

---

MamaWanzuki

Mimi nimeamua. Kuanzia Ijumaa anayekuja na pikipiki ananipa funguo kabla sijammiminia cha kwanza. Nina kopo la maziwa ya watoto lenye mfuniko, nitaziweka humo. Atakayekataa sitamuuzia. Kuna chumba cha nyuma nilichokuwa naweka magunia, nitatandika mikeka.

---

MzeeWaGongoni

Mama, nitakuja Ijumaa. Funguo za pikipiki nitakupa mbele ya vijana wote waone.

---

DerevaWaNzega

Mimi naendesha abiria, Tabora kwenda Nzega hadi Kahama. Naondoka saa kumi na mbili asubuhi. Usiku wa kuamkia safari huwa nakunywa chupa tatu tu kuanzia saa mbili, nalala saa tano, naamka mwepesi. Trafiki wameniweka kwenye kipimo cha kupuliza mara kadhaa na nimepita. Niko salama?

---

TabibuWaZamu

Kaka, nashukuru umeuliza, maana nyuma yako kuna abiria.

Chupa tatu ni takriban gramu 60. Kwa mwanaume wa kilo 70, ikihesabiwa yote kwa pamoja, ni kama miligramu 125. Ini la kawaida, miligramu 15 kwa saa, linahitaji saa nane na zaidi kidogo. Ulianza saa mbili usiku, unakuwa safi saa kumi na dakika ishirini hivi alfajiri. Hapo umepona kwa saa moja na nusu tu kabla ya kuwasha gari. Lakini maini hayafanani. Wengine wanashuka kwa miligramu 10 kwa saa. Kama wewe ni mmoja wao, utakuwa safi saa mbili na nusu asubuhi, ukiwa njiani na abiria wako. Na kama siku hiyo zilikuwa nne, hesabu yote inasogea mbele. Kupita kipimo kunamaanisha ulikuwa chini ya mpaka uliowekwa asubuhi hiyo, na wepesi unaousikia ukiamka hauna habari na damu yako. Ongeza pia usingizi: pombe ilikulaza saa tano lakini ikakukatia usingizi wa alfajiri, na dereva wa usingizi nusu anachelewa kukanyaga breki hata kama damu ni safi.

Usiku wa kuamkia safari usinywe. Ukitaka chupa zako tatu, zinywe siku ambayo kesho yake gari liko gereji.

---

DerevaWaNzega

Nimeelewa. Gari linaingia gereji Jumanne. Nimeuprinti uzi huu, kesho naubandika ofisini kwetu stendi, pale tunapochukulia ratiba.